Vijana wanataka ukuta wa duka langu

SWALI: Mwalimu, salamu kutoka Nyalenda, Kisumu. Nina duka kando ya barabara. Vijana wa mtaa wanataka kuchora wanasiasa wenye vichwa vya tumbusi kwenye ukuta wa upande. Wanasema ni sanaa ya kudai haki. Mimi naogopa kupoteza wateja na kuitwa kwa chifu. Niwakubalie? – Mama Duka

JIBU: Mama, kwanza ukuta ni wa nani? Kama umepanga, neno la mwisho ni la mwenye ploti. Mtafute, akikubali aandike. Kifungu cha 33 cha Katiba ya 2010 kinalinda uhuru wa ubunifu wa kisanaa, lakini hakimruhusu mtu kupaka rangi ukuta wa mwenzake, wala hakilindi uchochezi na matamshi ya chuki. Kwa hivyo kabila la mtu lisiguswe hata kwa utani.

Hofu yako si ya bure. Hapa Nakuru, Aprili 2025, wasichana wa shule ya Butere walileta mchezo wao wa kuikosoa serikali kwenye tamasha za kitaifa za drama. Mahakama Kuu ilikuwa imeamuru waruhusiwe, na bado vitoza machozi vilirushwa. Wakaimba wimbo wa taifa, wakaondoka jukwaani bila kuigiza. Basi nchi nzima ikataka kujua mchezo wenyewe ulisema nini!

Hao tumbusi, lakini, hapana. Mwanaharakati Boniface Mwangi na wenzake waliwachora kwenye kuta za Nairobi mwaka wa 2012, na wakati ule watu walishtuka kweli. Leo tumewazoea. Waambie vijana wachore kitu cha Nyalenda: mfereji mkavu, mitungi ya manjano kwenye foleni, na bei ya mtungi mmoja imeandikwa kwa tarakimu kubwa. Mteja aliyefuata unga atasimama, atabishana na wewe kwamba bei hiyo ni ya zamani. Na chifu atakuitia nini, naye maji ananunua?

Ukuta upigwe brashi kuondoa vumbi, kisha andakoti, ile rangi ya chini, kabla ya rangi yenyewe. Vijana wengi huiruka andakoti ili kuokoa pesa, halafu mvua ikianza rangi inabanduka vipande vipande. Jina la duka lako lisifunikwe. Hilo ni sharti, usiliombe.