Wadogo zangu wa safu ya ulinzi, msifiche jeraha

Kila Agosti ni yale yale. Kambi za NFL, ligi ya futiboli ya Marekani, zimejaa, wachezaji 90 kila timu wanagombea nafasi 53, na vijana wetu wa safu ya ulinzi wanarudia makosa yaliyotutoa machozi sisi kaka zao. Nawapenda, ndiyo maana napiga kelele. Wengi wenu mmelelewa Columbus au Dallas na wazazi waliotoka Kongo na Kenya, na nyumbani hakuna wa kuwaambia haya.

1. Acheni kukimbizana na saki, yaani kumwangusha mrusha mpira wa wapinzani kabla hajarusha. Mchezaji wa kuhamahama timu anayecheza katikati ya safu analipwa kwa kubanwa na wazuiaji wawili wa upinzani, gadi na senta, na asisogee. Shusha kiuno, ikibidi piga goti, ziba njia, lainibeka, mlinzi anayesimama nyuma yako, aje amalize. Juzi nimemwona dogo akimzunguka gadi kwa madaha, kageuka kama feni, na mkimbiaji akapita palepale alipotoka yeye. Mikono ilikuwa mizuri, sikatai! Lakini kwenye video kocha anaangalia lile pengo tu.

2. Jifunzeni kucheza nosi (mbele ya senta), tekniki ya 3 (bega la nje la gadi) na ukingoni mwa safu. Timu ya 3-4 (watatu kwenye safu, lainibeka wanne) ikikuacha leo, ya 4-3 (wanne kwenye safu, lainibeka watatu) inaweza kukuita majaribio Jumanne. Na kikosi cha kuzuia fildigoli, mpira unaopigwa kwa mguu kati ya milingoti, ombeni wenyewe.

3. Jeraha. Hapa nitakaa.

Nilikuwa kambini, msuli wa nyuma ya paja ukanivuta kwenye zoezi la asubuhi. Nikanyamaza. Nilifunga bandeji ndani ya taiti, nikameza vidonge, nikawakwepa watu wa tiba kwa sababu niliamini nikilala tu kwenye ile meza, mwenzangu anachukua zamu zangu. Mechi ya mwisho ya maandalizi, kila snapu, yaani mpira unapoanzishwa, nilichelewa hatua ya kwanza. Gadi alinifikia kabla sijanyoosha mikono. Kocha hakuona mtu mwenye jeraha, aliona mtu mzito, na kwa alichokiona alikuwa sahihi. Nikaitwa nirudishe kitabu cha mbinu, yaani nimeachwa.

Kosa kubwa likaja baada ya hapo. Daktari wa kunipima kabla sijaondoka aliniuliza kama kuna panaponiuma. Nikasema hapana, nikatia sahihi, nikihofu timu nyingine ikisikia jeraha haitapiga simu. Mchezaji aliyeumia kazini haachwi hivi hivi: anawekwa kwenye orodha ya majeruhi analipwa, au wanakubaliana malipo ya wiki za kupona. Nilivitupa vyote kwa kalamu moja. Saa 24 za weiva, muda wa timu nyingine kumdai aliyeachwa, zikapita, timu zote zina video yangu ile ile ya mtu mzito, hakuna aliyenitaka. Nikarudi kwa mama. Akawa ananikanda paja kwa maji ya moto kila jioni, na siku moja akasema, bila ukali, mficha maradhi kilio kitamfichua. Hadi leo nikimkumbuka ameinama na lile beseni, roho inauma.

Kwa hiyo sema siku hiyo hiyo, hakikisha limeandikwa, chukua nakala, na usitie sahihi kabla ya kuongea na wakala na chama cha wachezaji.

4. Kuachwa si mwisho. Efe Obada, mzaliwa wa Nigeria aliyeanzia mpira huu London, alipita timu za Cowboys, Chiefs na Falcons kabla ya Panthers kumweka kwenye 53 mwaka 2018. Mkiwa kikosi cha mazoezi, yaani wa akiba walio nje ya wale 53, timu nyingine ikikutaka lazima ikuweke kwenye 53 yake na ikulipe angalau wiki tatu. Basi msipange nyumba ya mwaka mzima. Hesabuni misimu pia: ukifikisha minne inayohesabika, ukiachwa kabla ya dirisha la kubadilishana wachezaji kufungwa, hupiti weiva, unachagua mwenyewe pa kwenda.

5. Lindeni uzito hata mkiwa hamna timu.

Na wewe dogo uliyeniandikia jana kwamba kifundo kimevimba ila "kitapoa": nenda chumba cha tiba leo kabla ya mazoezi, halafu nitumie picha ya karatasi waliyokuandikia.