Kuku sabzi yako na maji yake: barua kwa mwanangu

Mwanangu mpendwa,

Barua yako imenifikia, nasi hapa Unguja hatujambo sote. Umeniuliza kwa nini kuku sabzi, kile chakula cha Wairani cha majani na mayai, uliyowaokea wenzako wa kazini huko Toronto ilitoka na maji chini ya trei, ikavunjika ulipoikata, na rangi yake ikawa ya manjano badala ya kijani iliyokoza kama ile niliyokuwa nikiwapikia tulipokaa Dubai, ile ambayo wageni wetu wakisikia jina lake hudhani ina nyama ya kuku.

Unasema umetia mayai manane na fungu moja la kotmiri. Mwanangu, chakula hiki cha Wairani ni cha majani, na kazi ya mayai ni kuyashikanisha tu. Kwa mayai 6 tafuta gramu 300 hivi za majani yaliyokwisha kutolewa vikonyo vigumu: parsli na kotmiri kwa wingi, shibiti kiasi, na majani membamba ya jamii ya kitunguu ambayo wenyewe huyaita tareh, ukiyakosa, majani mabichi ya vitunguu yatafaa. Majani ya uwatu yasizidi kijiko kimoja, kwa kuwa uchungu wake hufunika kila kitu.

Maji yaliyokusumbua yalitoka kwenye majani uliyoyaosha. Yaoshe mapema, hata usiku wa kuamkia siku ya kupika, kisha yatandaze juu ya kitambaa safi mpaka yakauke kabisa, kwani jani lenye unyevu hutoa maji yote likishaingia motoni. Yakate kwa kisu kikali, taratibu, wala usiyatwange kama kisamvu au kuyasaga kwa mashine, maana yakipondeka hutoa maji yake yote kabla hata hayajakutana na yai. Ukishayakata, yafumbate kiganjani kisha uyaachie: yakitawanyika, yako tayari, yakibaki donge, yarudishe kwenye kitambaa. Chumvi nayo huvuta maji, kwa hiyo itie kwenye mayai, na uchanganye na majani pale tu oveni inapokuwa tayari.

Kwenye mayai tia pia nusu kijiko cha chai cha manjano, pilipili manga, kijiko cha chai cha beking pauda na kijiko kimoja cha chakula cha unga wa ngano. Ongeza kokwa za jozi zilizokatwakatwa na zereshk, vile vitunda vidogo vyekundu vilivyokaushwa ambavyo hulimwa sana Khorasan, mashariki mwa Iran, na ambavyo utavipata katika duka lolote la Wairani. Viloweke kidogo, uvichuje, kisha uvipitishe kwenye siagi kwa moto mdogo sana, kwa kuwa huungua upesi. Usiweke zabibu badala yake; uchachu ule ndio unaokata mafuta ya jozi na ya mayai.

Washa oveni nyuzi 180 za Selsiasi. Tia mafuta ya kutosha kwenye trei na uiache humo mpaka yapate moto, ndipo umimine mchanganyiko wako. Ukisikia sauti ya kukaangika pembeni, ujue chini patafanya ukoko mzuri na haitanata. Dakika 25 kwa kawaida zinatosha. Iache ipoe kidogo kabla ya kuikata, kwani ikiwa ya moto sana huvunjika hata kama ulifanya yote sawasawa.

Umesema pia kwamba wenzako wanataka uwapikie tena siku ya Nowruz, mwaka mpya wa Wairani, tarehe 20 au 21 Machi. Nimefurahi sana, kwa sababu ndiyo siku yake hasa: Wairani huila na samaki na wali wa majani, wakiona katika majani uhai mpya wa majira ya kuchipua, na katika mayai uzazi. Waeleze kwamba hata sisi tuna Nairuzi yetu, ile ya Mwaka Kogwa wa Makunduchi kila Julai, na kwamba asili yake ni mwaka wa jua wa Waajemi.

Siku hiyo ioke asubuhi na uipeleke ikiwa imepoa, pamoja na mkate mwembamba na mtindi mzito usio na sukari. Ikibaki, ifunike na uiweke kwenye friji. Siku ya pili ndani ya mkate ni tamu vilevile.

Wasalaam,
Mama yako