Mzee Aliyekufa Akaendelea Kunywa Chai

Wadogo zangu waandishi wa tamthilia, juzi mmoja wenu katuma skripti kwenye grupu: “Sehemu ya 9 FINAL”. Saa moja baadaye ikaingia “FINAL kabisa”. Usiku wa manane, “FINAL mpya tumieni hii”. Wenzenu walicheka. Mimi nilimkumbuka mzee wangu, mhusika niliyemwandika.

1. Kila rasimu iwe na namba na tarehe, kwenye jina la faili na kwenye ukurasa wa kwanza.

Mzee huyo alitakiwa kufa sehemu ya 18. Usiku wa kuamkia shuti prodyuza akataka afe sehemu ya 14, hadithi ichangamke. Nikaandika upya, nikatuma kwa jina lilelile la faili, nikalala. Mnajua wenyewe tunapiga kwa lokesheni, siyo kwa mpangilio wa sehemu. Ile sebule ya Tabata tuliikodi siku tatu, sini zake zote (matukio ya sebuleni) tukazimalizia humo. Dairekta na waigizaji walikuwa na rasimu ya zamani, mtu wa mapambo alikuwa na mpya.

Wiki tatu baadaye mhariri akaniita, akasimamisha picha. Sehemu ya 16: mzee kaketi na kikombe cha chai, anauliza sukari iko wapi. Ukutani, juu ya kichwa chake, picha yake mwenyewe imefungwa kitambaa cheusi.

Mtu wa mapambo alidhani dairekta anajua. Dairekta alidhani ni kumbukumbu ya mjane. Mzee alijua analipwa kwa siku. Sebule ilishapata mpangaji, hatukuweza kupiga upya, kwa hiyo sini hiyo tukaifanya ndoto, na watazamaji wakauliza kama marehemu amefuata urithi. Malipo yangu ya sehemu mbili yakakatwa. Sikubisha.

2. Sajilini kazi COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla ya kuizungusha kwa maprodyuza.

3. Malipo kwa awamu, na iandikwe: mkataba ukivunjwa, hadithi inabaki ya nani.

4. Kamera haioni mawazo. Huyohuyo wa FINAL aliandika: “Mama anawaza ugumu wa maisha.” Nikamuuliza, tunapigaje hiyo? Akajibu, “Atakunja uso.” Nilimfokea, nakiri. Kesho yake kaleta sini nyingine: mama gengeni anahesabu sarafu, anahesabu tena, kisha anatoa nyanya moja kwenye fungu na kumrudishia muuzaji bila kumtazama.

Nimeisoma mara nne. Faili linaitwa “nyanya FINAL 2”.