Maswali ya Wasomaji: Umoja wa Kiuchumi Unapopanuka, Mfanyakazi Huvuka Mpaka kwa Masharti Gani?

SWALI: Ndugu Mhariri, katika kufundisha jiografia nimekuwa nikiwaeleza wanafunzi kwamba nchi ikijiunga na Umoja wa Ulaya, raia wake hupata haki ya kufanya kazi katika nchi yoyote mwanachama. Mwanafunzi mmoja aliniuliza kwa nini basi Wapolandi walisubiri miaka saba kabla ya kuajiriwa kwa uhuru Ujerumani. Sikuwa na jibu la kuridhisha. Naomba msaada. *Mwalimu wa sekondari*

JIBU: Ndugu Mwalimu, unachofundisha ni sahihi, ila kuna kifungu kinachokaa katikati ya haki na siku ya kuitumia. Nchi sita za mwanzo zilikamilisha uhuru wa wafanyakazi kuvuka mipaka mwaka 1968. Tangu hapo kila nchi mpya imekuwa ikiingia kwa mkataba wake yenyewe, na ndani ya mikataba hiyo nchi za zamani zimezoea kudai kipindi cha mpito. Ugiriki iliyojiunga mwaka 1981, pamoja na Uhispania na Ureno zilizojiunga mwaka 1986, zote zilipitia subira hiyo.

Nchi kumi zilipoingia kwa pamoja tarehe 1 Mei 2004, Malta na Kipro hazikuwekewa pingamizi la jumla, lakini kwa nane zilizobaki, Polandi ikiwemo, nchi za zamani ziliruhusiwa kufunga soko lao la ajira kwa awamu tatu: miaka miwili, kisha mitatu kwa kutoa taarifa kwa Tume ya Ulaya, na hatimaye miwili zaidi ikiwa soko hilo linakabiliwa na msukosuko mkubwa au tishio lake. Ujerumani na Austria zilitumia miaka yote saba, hadi tarehe 30 Aprili 2011. Uingereza, Ayalandi na Uswidi zilifungua tangu siku ya kwanza. Romania na Bulgaria, zilizojiunga mwaka 2007, zilisubiri katika baadhi ya nchi hadi mwanzoni mwa 2014.

Mwambie mwanafunzi wako pia kwamba kilichofungwa ni ajira, si safari. Mpolandi aliweza kuingia Ujerumani, kukaa na hata kufungua biashara yake mwenyewe. Alichokatazwa ni kuandikwa kazi bila kibali, na katazo hilo, kama nitakavyoeleza kwa msomaji wa tatu, lilizaa madhara yake.

SWALI: Mhariri, husemwa kwamba wageni wakifunguliwa mlango mishahara ya wenyeji huporomoka. Je, ndivyo ilivyotokea Uingereza?

JIBU: Kwanza idadi, kwa sababu hapo ndipo serikali ilipokosea. Makadirio yaliyotolewa kabla ya 2004 yalitaja ongezeko la watu kati ya 5,000 na 13,000 kwa mwaka kutoka nchi mpya, na yalijengwa juu ya dhana kwamba nchi nyingine kubwa nazo zingefungua milango. Hazikufungua. Watu ambao wangegawanyika wakaelekea kwenye milango michache iliyokuwa wazi, na sensa ikaonyesha matokeo: mwaka 2001 watu wapatao 58,000 waliozaliwa Polandi walikuwa wakiishi England na Wales, na mwaka 2011 walikuwa wapatao 579,000.

Kuhusu mishahara, kamati inayoishauri serikali ya Uingereza kuhusu uhamiaji ilihitimisha katika ripoti yake ya 2018 kwamba kwa wastani athari kwa ajira na mishahara ya wenyeji ilikuwa ndogo au haikuwepo kabisa, ingawa kulikuwa na dalili za shinikizo kwa wale wenye vipato vya chini. Naomba tusiipuuze sehemu hiyo ya mwisho. Wastani haumfariji kibarua wa shambani anayeona saa zake za kazi zikipungua, na katika mji wa Boston, mkoani Lincolnshire, ambako mashamba ya mboga yalivutia wafanyakazi wengi wa Ulaya Mashariki, zaidi ya asilimia 75 ya waliopiga kura mwaka 2016 walitaka nchi ijitoe katika Umoja. Nionavyo mimi, kosa halikuwa kufungua mlango. Kosa lilikuwa kuufungua bila kuongeza wakaguzi wa kazi, nyumba na nafasi za shule mahali ambapo wageni walikuwa wakifika.

SWALI: Ndugu Mhariri, mtu akitumwa na kampuni ya nchini kwake kufanya kazi katika nchi nyingine mwanachama, hulindwa na sheria ya nchi ipi?

JIBU: Swali hili ndilo zito kuliko yote niliyopokea, nami nitalijibu kwa kirefu.

Mfanyakazi aliyehama mwenyewe na kuajiriwa ugenini huhesabiwa sawa na mwenyeji: mshahara uleule, mapumziko yaleyale, chama kilekile cha wafanyakazi. Aliyetumwa na mwajiri wake yuko katika hali tofauti. Kisheria yeye amebebwa ndani ya huduma ambayo kampuni yake inauza ng'ambo ya mpaka, na kwa kawaida michango yake ya hifadhi ya jamii huendelea kulipwa nyumbani kwa muda usiozidi miezi 24. Agizo la Umoja wa Ulaya la 1996 lilimhakikishia kima cha chini cha mshahara cha nchi anakofanya kazi. Lakini je, ikiwa nchi hiyo haina kima cha chini?

Uswidi haikuwa nacho, kwa kuwa mishahara huko hupangwa kwa makubaliano kati ya vyama vya wafanyakazi na waajiri. Mwaka 2004 kampuni ya Latvia iitwayo Laval ilipeleka mafundi kujenga shule mjini Vaxholm, ikakataa kutia saini makubaliano hayo, na vyama vikauzuia mradi. Mahakama ya Haki ya Ulaya iliamua mwezi Desemba 2007 kwamba kizuizi kile kilikiuka uhuru wa kutoa huduma. Uamuzi huo uliwaumiza wengi, nami naona walikuwa na haki ya kuumia, kwa kuwa uliwaweka mafundi wa nchi mbili katika mashindano ambayo hakuna hata mmoja wao aliyeyaomba.

Tazama pia machinjio ya Ujerumani. Kwa kuwa ajira ya kawaida ilikuwa imefungwa, kazi ya kuchinja na kutoa mifupa ilipewa wakandarasi wadogo walioleta watu kutoka Ulaya Mashariki kwa masharti ya kwao. Hadi 2014 sekta hiyo haikuwa na kima cha chini cha mshahara. Mtu alisimama kwenye mkanda wa nyama tangu alfajiri, kisha mwisho wa mwezi akakuta mshahara umekatwa kodi ya kitanda katika chumba cha pamoja, na wakati mwingine hata gharama ya kisu alichokatia nyama. Ilibidi sheria ya 2017 iseme wazi kwamba vifaa vya kazi hutolewa na mwajiri bila malipo. Ukandarasi wenyewe katika uchinjaji ulipigwa marufuku kwa kampuni kubwa tarehe 1 Januari 2021, baada ya maambukizi ya korona kuenea katika viwanda hivyo.

Agizo lile lilirekebishwa mwaka 2018, na tangu tarehe 30 Julai 2020 aliyetumwa anastahili malipo kamili yanayotakiwa na sheria au makubaliano ya lazima ya mahali anapofanya kazi, si kima cha chini pekee.

SWALI: Na nchi zinazoondokewa na watu, zinapata nini?

JIBU: Hupokea fedha zinazotumwa nyumbani na ujuzi wa wachache wanaorejea. Hasara yake ni nzito. Sensa ya Lithuania ilihesabu watu milioni 3.48 mwaka 2001 na milioni 3.04 mwaka 2011, na ingawa uzazi mdogo ulichangia, uhamaji ulikuwa sababu kubwa. Wapolandi walibuni hata neno, *eurosieroty*, yaani mayatima wa Ulaya, kwa watoto walioachwa na wazazi waliokwenda kutafuta kazi. Watoto hao hawaonekani katika hesabu za fedha zinazotumwa nyumbani.

SWALI: Mtu aliyefanya kazi katika nchi mbili hupoteza pensheni ya kwanza?

JIBU: Hapana. Miaka ya michango hujumlishwa. Aliyechangia miaka 10 Latvia na 20 Ujerumani huhesabiwa kuwa na miaka 30. Kila nchi hukokotoa pensheni ambayo angeipata kama miaka yote ingekuwa kwake, kisha hulipa sehemu yake: Latvia 10/30, Ujerumani 20/30. Ikiwa sheria ya nchi pekee ingempa kiasi kikubwa zaidi, hulipwa hicho. Maombi huwasilishwa katika nchi anakoishi au alikofanya kazi mara ya mwisho, na ofisi hizo huwasiliana zenyewe. Atunze hati za mishahara na mikataba ya nchi zote mbili, hata ya kazi ya miezi michache, kwa kuwa mwajiri aliyefunga kampuni hawezi kuulizwa miaka thelathini baadaye.