Denmark na Aisilandi: majibu kuhusu vitabu vilivyorudi nyumbani

Makala iliyopita nilitaja kwa mistari michache tu kwamba Denmark iliirudishia Aisilandi miswada yake ya kale, yaani vitabu vilivyoandikwa kwa mkono. Maswali yamemiminika. Haya ndiyo yaliyojirudia zaidi.

Nchi hizi zimetenganishwa na bahari pana. Vitabu vya Aisilandi vilifikaje Copenhagen? (Msomaji, Morogoro)

Kwa sababu ya utawala. Aisilandi iliingia chini ya mfalme wa Norway katika karne ya 13, na Norway ilipoungana na Denmark, kisiwa nacho kikachukuliwa humohumo. Kuanzia 1602 hadi 1787 Waaisilandi walikatazwa kufanya biashara na yeyote asiye na kibali cha mfalme wa Denmark. Kijana aliyetaka elimu ya juu alikwenda Copenhagen, maana Chuo Kikuu cha Aisilandi kilianzishwa 1911. Meli zilizobeba samaki na sufu ndizo zilizobeba wanafunzi, na ndizo zilizobeba vitabu.

Basi si viliibwa tu? Mbona unazunguka? (Msomaji, Mombasa)

Sizunguki, ndugu yangu. Neno "wizi" halitoshi hapa. Vitabu viwili vinavyopendwa kuliko vyote vilikuwa zawadi. Askofu Brynjólfur Sveinsson alimpelekea Mfalme Frederik III Kitabu cha Flatey, kitabu kikubwa cha visa vya wafalme wa Norway, mwaka 1656, na mwaka 1662 kikafuata kitabu kidogo cha kurasa 90 chenye tenzi za miungu na mashujaa wa kale, ambacho leo huitwa Kitabu cha Mfalme.

Vingi vya vilivyobaki vilikusanywa na Mwaisilandi mwenyewe, Árni Magnússon, aliyekuwa profesa Copenhagen. Mwaka 1702 mfalme alimtuma yeye na mwenzake kukagua mashamba ya kisiwa na kuhesabu watu. Waliandikwa watu 50,358, kila mtu kwa jina lake. Na kila alikopita, Árni aliulizia vitabu. Maandishi haya yako juu ya ngozi ya ndama iliyokwanguliwa ikawa nyembamba, kisha ikageuka rangi ya kahawia kwa moshi wa majiko na mafuta ya vidole vya watu waliosoma karne nyingi. Ngozi nzuri haitupwi, hivyo umaskini ulipobana watu waliikata. Ipo kurasa iliyogeuzwa kigezo cha kukatia fulana, na zipo nyingine zilizokatwa ili kukazia kofia ya askofu. Nikifikiria mtu aliyekusanya vipande kama hivyo kimoja kimoja, siwezi kumwita mwizi.

Oktoba 1728 moto ukaunguza sehemu kubwa ya Copenhagen, na nyumba ya Árni ikateketea. Miswada mingi ya ngozi iliokolewa, lakini vitabu vyake vingi vya chapa viliungua. Alifariki Januari 1730 na kuachia chuo kikuu cha Copenhagen mkusanyiko wake. Kisheria, basi, vilikuwa mali ya chuo hicho, na hapo ndipo ugomvi ulipoanzia baadaye.

Nani aliishinikiza Denmark ikubali? (Msomaji, Kigali)

Hakuna aliyekuwa na nguvu ya kuilazimisha, na ndiyo maana kisa hiki kinanigusa. Aisilandi ilitambuliwa kuwa dola huru tarehe 1 Desemba 1918, ikiendelea kuwa na mfalme mmoja na Denmark. Kisha Ujerumani ikaivamia Denmark Aprili 1940, na tarehe 17 Juni 1944, vita vikiendelea, Waaisilandi wakatangaza jamhuri pale Þingvellir, uwanda lilipokutania bunge lao la kale. Wadenmark wengi iliwauma kuachwa wakiwa kifungoni. Hata hivyo Mfalme Christian X alituma simu ya maandishi ya pongezi, ikasomwa siku hiyohiyo mbele ya umati uliosimama mvuani.

Madai ya vitabu yalipozidi, Bunge la Denmark lilipitisha sheria ya kuvirudisha mwaka 1961. Wabunge waliopinga walikusanya saini za kutosha kuisimamisha hadi baada ya uchaguzi. Ikapitishwa tena 1965. Wasimamizi wa mkusanyiko wakaenda mahakamani wakidai mali yao inatwaliwa, na mwaka 1966 Mahakama Kuu kabisa ya Denmark ikaamua kwamba sheria ni halali.

Siku ya kurudi ilikuwaje? Na vilirudi vyote? (Msomaji, Muscat)

Tarehe 21 Aprili 1971 meli ya kivita ya Denmark, Vædderen, ilitia nanga Reykjavik. Maduka yalifungwa, watoto hawakwenda shule, na maelfu ya watu wakajaa bandarini. Mabaharia wakashuka wamekumbatia vifurushi: Kitabu cha Flatey na Kitabu cha Mfalme. Ni viwili tu, lakini ndivyo watu walivyovililia.

Vingine vilirudi kidogo kidogo hadi 1997. Kilichohusu zaidi Aisilandi kilirudi, na kilichohusu zaidi nchi nyingine kilibaki, kiasi cha nusu kwa nusu. Leo kuna taasisi mbili, moja Reykjavik na nyingine Copenhagen, na zote mbili zina jina la Árni.

Na sisi na mjusi wetu wa Tendaguru? (Msomaji, Lindi)

Nilijua utauliza. Mifupa ile ya dinosaria ilichimbwa 1909 hadi 1913 wakati nchi ikitawaliwa na Wajerumani, wapagazi wakaibeba hadi bandari ya Lindi, na leo imesimamishwa Berlin. Hali si sawa: huku hakukuwa na askofu aliyetoa zawadi. Ninachokiona cha kuiga ni maandalizi. Waaisilandi walikijua kila kitabu kwa jina na historia yake, na waliyarudia madai yao kizazi baada ya kizazi.

Wameshapatana kabisa? (Msomaji, Minneapolis)

Kidenmark bado ni somo la lazima katika shule za Aisilandi, na wapo wanafunzi wanaolilalamikia. Ila ndilo linalowafungulia vyuo na kazi katika nchi jirani, kwa hiyo mimi naliunga mkono. Kidonda kinachotajwa mara kwa mara ni cha mpira. Tarehe 23 Agosti 1967, Copenhagen, Denmark 14, Aisilandi 2. Miaka minne baadaye ndipo ile meli ilipoingia bandarini.