Harusi ya Siku Tatu Milimani: Wasomaji Wanauliza, Mshauri Anajibu

SWALI: Shikamoo Mshauri. Mchumba wangu ni mwenyeji wa Lushoto, nami nimezaliwa na kukulia Dar es Salaam. Hatutaki harusi ya ukumbini. Tumependa shamba moja lililo ukingoni mwa mlima, mbali kidogo na mji, lenye nyumba ya zamani ya mbao, uwanja wa majani na mandhari ya bonde lote. Wageni wangefika Ijumaa, ndoa ingefungwa Jumamosi katika usharika wa wazazi wake, kisha sherehe ifanyike shambani na watu warudi Jumapili. Kamati inakadiria wageni 180, na tarehe tuliyoifikiria ni Jumamosi ya pili ya Aprili. Mama yangu anasema tunawatesa watu. Tuangalie nini kabla ya kutoa malipo ya awali?
Binti wa Tabata

JIBU: Marahaba, binti. Hoja ya mama yako ina uzito, ingawa haiondoi uzuri wa wazo lenu. Shamba hilo mmelitazama kwa jicho la mpiga picha kabla ya kulitazama kwa jicho la mtu atakayelala huko. Harusi ya ukumbini humhitaji mgeni kwa saa chache za usiku, kisha anarudi kitandani kwake, lakini harusi ya siku tatu huwafanya ninyi kuwa wenyeji wa malazi, chakula na usafiri wake tangu anaposhuka garini hadi anapoondoka. Ndiyo maana la kwanza kumwuliza mwenye shamba ni idadi ya vitanda: vilivyopo pale pale, vilivyopo katika nyumba za wageni za jirani ambazo mtu anaweza kuzifikia usiku bila hofu, na kama maji na vyoo vinatosheleza watu wote wakiwapo kwa wakati mmoja. Ikiwa vitanda ni 60, harusi yenu ni ya watu 60 na wenyeji wa karibu, na hao 180 mnaowataja watatawanyika Lushoto mjini, Soni na pengine hadi Mombo, huku kamati ikikesha kutafuta nani amelala wapi.

Najua ugumu unaofuata. Aliyetoa mchango anategemea kadi, na huwezi kuchukua mchango wa mtu kisha ukamwambia vitanda vimejaa. Ushauri wangu, ambao baadhi ya wanakamati hawataupenda, ni kuzitenganisha shughuli hizo mbili waziwazi: wachangiaji wa Dar es Salaam waalikwe kwenye sherehe ya kumuaga bibi harusi, itakayofanyika huko huko mjini, na mlimani wapande ndugu wa karibu, wapambe na marafiki wachache ambao mmewapangia mahali pa kulala. Jambo hilo litamkwe katika kikao cha kwanza, kabla shilingi moja haijakusanywa.

Kuhusu tarehe, nitasema bila kuzunguka: iondoeni Aprili. Masika katika Usambara huanza Machi hadi Mei, na Aprili ndiyo kiini chake. Barabara ya kupanda kutoka Mombo kupitia Soni hadi Lushoto, yapata kilomita 33, ina lami lakini ni nyembamba na yenye kona nyingi kando ya bonde, na ukungu ukishuka dereva asiyeizoea hupata shida. Tatizo kubwa zaidi ni kipande cha udongo kinachotoka kwenye lami hadi shambani, kwa kuwa udongo mwekundu wa milima ile ukilowa huteleza, na kosta iliyojaa wageni waliovaa suti haiwezi kuupanda. Kabla ya kulipa chochote, nendeni na gari la ukubwa ule ule mtakalowapakia wageni, na ikiwezekana mwende baada ya mvua. Mwishoni mwa Januari na Februari ni wakati unaofaa, na Septemba pia. Juni hadi Agosti hakuna mvua nyingi, ila Lushoto iko kwenye mwinuko wa takriban mita 1,400 na usiku wa Julai baridi inaweza kukaribia nyuzi 10, jambo ambalo mtu wa Tabata halielewi mpaka limkute amevaa gauni lisilo na mikono.

Mwinuko huo unaugusa hata upishi. Maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi badala ya 100, kwa hiyo maharage na nyama ngumu huchelewa kuiva, na mpishi aliyezoea majiko ya pwani atachelewesha chakula ikiwa hakuongeza muda. Mimi ningewapa kazi hiyo kina mama wa Kisambaa wanaozijua kuni na sufuria za kwao. Mboga, viazi na matunda yapo tele katika masoko ya Lushoto, na shamba la Irente linatengeneza jibini na jamu zitakazopendeza kwenye kifungua kinywa cha Jumapili. Kusafirisha kabichi kutoka Dar es Salaam kwenda Lushoto ni kichekesho ambacho wapishi wa kukodi hukifanya bila haya.

Sherehe yenyewe ianze mchana. Jua huzama kati ya saa kumi na mbili na saa moja jioni, lakini penye mlima upande wa magharibi kivuli hutangulia, hivyo ingieni shambani saa tisa, mle mapema, na muziki upungue kabla majirani hawajalala. Mtendaji wa kijiji aarifiwe mapema kuhusu muziki na msongamano wa magari. Jenereta liwepo, lenye nguvu ya ziada, kwa sababu injini hupoteza nguvu kadiri unavyopanda. Mama zetu wapatiwe viti imara na njia iliyotandikwa, maana visigino virefu huzama kwenye majani. Na kwa upande wa taratibu, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa ya kusudio la kuoana itolewe angalau siku 21 kabla, kwa hiyo muwahini mchungaji.

SWALI: Sisi ni Wakatoliki. Tunataka ndoa yetu ifungwe nje, chini ya migomba ya babu huko Marangu, lakini paroko amekataa. Je, tufunge bomani kisha tufanye sherehe tunapotaka?
Msomaji wa Moshi

JIBU: Paroko hakuwaonea. Sheria ya Kanisa huitaka ndoa ya Wakatoliki ifungwe katika kanisa la parokia, na mahali pengine pafaapo huhitaji ruhusa ya Askofu, ambayo mnaweza kuiomba mkiwa tayari kukataliwa. Ndoa ya bomani inatambuliwa na serikali, lakini Kanisa halitaihesabu kuwa ndoa yenu, nanyi mtaanza maisha mkiwa na deni la sakramenti. Ombeni misa ya asubuhi, kisha migomba ya babu ipokee sherehe. Picha zenye mlima nyuma yenu zipangieni alfajiri ya Jumapili, kwa sababu Kilimanjaro huonekana zaidi mapema, na mawingu huufunika kadiri jua linavyopanda.