Kabla hujampa mtoto jina la Kijerumani, soma yaliyonikuta na Eike

Juzi usiku nilikuwa nakunja nguo, simu ikalia. Ujumbe kutoka kwa dada mmoja msomaji wangu. Yuko Bremen, ana mimba ya miezi saba, mumewe ni mtu wa pwani ya kaskazini. Ameandika: "Dada, mume wangu anataka mtoto aitwe Eike, awe wa kiume au wa kike, jina ni hilohilo. Nakumbuka uliwahi kutaja kuwa wako anaitwa hivyo. Nimemwandikia mama yangu kumjulisha, leo siku ya tatu hajajibu. Wewe ulifanyaje?"

Nikaziacha nguo. Mtoto wangu ana miaka minane, anasoma na kuandika, na mimi nilishajiambia kuwa yale mambo yamekwisha moyoni. Hayajaisha. Nilipofika kwenye "siku ya tatu hajajibu", tumbo lilinikaza kama siku ile.

Najibu hapa mbele ya wote kwa sababu huyu dada hayuko peke yake. Tuliozalia ugenini tunataka kitu kimoja: jina ambalo mwalimu wa huku atalitamka bila kukunja uso na bibi wa kule atalishika mara moja. Tunataka mtoto akue akijua ana kwao kuwili.

Mimi kwetu ni Machame, mume wangu kwao ni Ostfriesland, ile kona ya kaskazini magharibi ya Ujerumani inayopakana na Uholanzi, nchi tambarare ya malisho na upepo. Tunaishi Oldenburg. Mara ya kwanza kupelekwa kwao, baba mkwe alinitembeza makaburini na kunionesha akina Eike wawili wa ukoo wao. Mmoja ni babu yake, wa pili ni shangazi wa huyo babu. Mwanamume na mwanamke, jina moja, na hakuna aliyeona ajabu. Pale pale nikalipenda. Kichaga mtoto wa kwanza hufuata upande wa baba, kwa hiyo niliona hata mila imenyooka: upande wa baba ndio huu, na jina lao ndilo hili. Hivyo ndivyo nilivyojidanganya kuwa kazi imekwisha.

Nikuambie kwanza maana yake, kwa sababu utaulizwa mpaka uchoke.

Wajerumani wengi watakwambia Eike ni mwaloni, maana mwaloni kwao ni Eiche na masikio yanavutwa huko. Sivyo. Jina linatokana na neno la kale sana la Kijerumani lenye maana ya makali, yale makali ya upanga. Zamani walipenda kuunganisha neno hilo na lingine kupata jina refu la kiume: Eckehard, kwa mfano, ni makali pamoja na ugumu. Waingereza wa kale walikuwa nalo pia, na mfalme Egbert wa Wessex, aliyefariki mwaka 839, alibeba neno hilohilo mwanzoni mwa jina lake. Watu wa kaskazini wakayakata majina hayo marefu, kama sisi tunavyokata Emanueli kuwa Ema, kisha wakaongeza mkia wao wa mapenzi, "-ke".

Hapo kwenye mkia ndipo penye utamu. Katika Plattdeutsch, yaani Kijerumani cha kaskazini, na Kifrisia, lugha ya watu wa pwani ile, "-ke" ni ya kudogosha, inafanya kazi kama "ki-" yetu katika kitoto. Frauke ni kimwanamke, Anke ni Anna mdogo. Imekaa kwenye majina mengi ya kike mpaka masikio yakazoea, lakini yenyewe haina jinsi, inasema udogo tu. Hivyo Eike ni kama kusema "kimakali", upanga mdogo unaopendwa. Sasa mpelekee Mtanzania jina linaloishia na "ke". Tumekua tunajaza fomu za ME na KE! Tulipokwenda likizo Tanzania mara ya kwanza, mtoto akapata homa, na kwenye hospitali moja kadi ilishaandikwa KE kabla sijafungua mdomo. Huku Ujerumani barua zake huja na neno la kiume, kwa sababu Eike wengi walio hai ni wanaume. Wa kule wanaona msichana, wa huku wanaona mvulana, mtu ni mmoja. Msinitarajie niseme nani amepatia. Mtoto ameshajua kusoma, akitaka atasema mwenyewe.

Lakini lililonifanya nisimame imara kwa jina hili halikuwa maana yake. Ni mtu mmoja aliyelibeba miaka 800 iliyopita.

Anaitwa Eike von Repgow, wa kijiji ambacho leo kinaitwa Reppichau, katikati ya Dessau na Köthen. Anaonekana kwenye hati za kati ya mwaka 1209 na 1233, kisha anapotea. Huyu aliandika kitabu kiitwacho Sachsenspiegel, yaani Kioo cha Wasaksoni. Sheria za watu wake zilikuwa mdomoni na katika desturi tu, yeye akazikusanya. Aliandika kwanza kwa Kilatini, halafu, kwa kuombwa na kabaila Hoyer wa Falkenstein, akazigeuza kwa lugha ya watu wa kawaida. Hebu fikiria, wakati ambapo mambo mazito yote yaliandikwa kwa lugha ya wasomi, mtu anathubutu kuandika sheria kwa lugha ya sokoni na shambani! Sisi wa Kiswahili tunajua uzito wa jambo hilo. Na kitabu kilishika. Sehemu za Anhalt na Thuringia waliendelea kukitumia mpaka mwaka 1900, sheria mpya ya taifa zima ilipoanza. Mpaka leo Mjerumani akipanga foleni husema anayefika kwanza ndiye asagaye kwanza, na wachache wanajua kuwa hiyo ilikuwa kanuni ya kinu cha nafaka ndani ya kitabu cha Eike.

Hapa Oldenburg tunayo nakala yenye picha, iliyoandikwa kwenye monasteri ya Rastede mwaka 1336. Nikiwa na mimba ya miezi sita mume wangu alinipeleka kuona kurasa zake kwenye maonyesho. Miguu imevimba, nasogea polepole, nasoma maelezo ukutani. Nikafika kwenye sehemu ya utumwa. Eike anasema Mungu amemuumba mtu kwa mfano wake, na kwamba ukitafuta chanzo cha kweli cha mtu kumilikiwa na mtu, utakuta ni kulazimishwa, kufungwa na mabavu yasiyo ya haki, mambo ambayo watu wameyageuza kuwa desturi kisha wakataka yaitwe haki. Kaandika hayo karne ya 13! Mimi ni mtoto wa nchi ambayo watu walifungwa minyororo wakapelekwa pwani, karne nyingi baada ya maneno hayo. Nililia mbele ya kioo cha kabati la maonyesho, mume wangu akadhani uchungu umeanza. Siku hiyo nilisema, liwe jua iwe mvua, mtoto huyu ni Eike.

Ukiulizwa habari za Eike wengine, wapo. Eike Immel alikuwa golikipa wa Ujerumani Magharibi kwenye michuano ya Ulaya ya mwaka 1988. Eike Batista ni Mbrazili ambaye mama yake ni Mjerumani, mwaka 2012 jarida la Forbes lilimweka wa saba kwa utajiri duniani akiwa na dola bilioni 30, na mwaka uliofuata kampuni yake ya mafuta ikaomba ulinzi wa mahakama dhidi ya wadai. Wote wanaume, naam. Tukiwa wakweli, jina linaitwa la pande zote lakini umaarufu wake umebaki upande mmoja, na hilo binti zetu ndio watakaolirekebisha.

Sasa sheria. Ukijifungua Ujerumani, msajili apewe taarifa ndani ya wiki moja, na jina, kama bado mnavutana, mna mwezi mmoja. Zamani wasajili walikataa jina lisiloonesha jinsi mpaka uweke la pili linaloonesha. Kisha wazazi fulani wakampa binti yao jina la Kihindi linalotumiwa na wavulana na wasichana, wakakataliwa, wakaenda mahakamani hatua kwa hatua mpaka Mahakama ya Katiba kule Karlsruhe. Tarehe 5 Desemba 2008 mahakama ikasema hakuna sheria ya Ujerumani inayodai jina la kwanza lioneshe jinsi ya mtoto. Kinachoangaliwa ni jina lisimdhuru mtoto. Kwenye ofisi tuliyokwenda sisi, mama aliyetuhudumia bado alituuliza la pili liko wapi. Mume wangu alikuwa na hukumu hiyo kwenye bahasha, ameichapisha. Yule mama akaisoma, akaenda chumba cha pili, akarudi, akaandika. Nilitoka pale nimeinua kichwa, nikijiona mwanamke aliyejiandaa.

Kumbe nilijiandaa kwa msajili tu.

Jioni ile niliweka picha ya mtoto kwenye kundi la WhatsApp la ukoo. Chini yake nikaandika: "Karibu duniani, Eike." Basi. Sikumpigia mtu. Nilikuwa nimechoka, nina mshono, nikaona nimeshatimiza. Watu wakaanza kulisoma kama Mswahili anavyosoma, herufi kwa herufi: E-i-ke. Mmoja akauliza kama nimekosea kuandika. Mwingine akauliza kama ni kifupi cha kitu. Halafu shangazi yangu, dada yake baba, ambaye nilikaa kwake miaka minne ya sekondari, akaandika mbele ya watu 46: "Mtoto mmempa jina la mbwa wa mzungu." Baba yangu alikuwa kwenye kundi, akasoma, akanyamaza. Baba mwenyewe alikuwa akitegemea Aikaeli, hilo nilikuja kulijua baadaye sana. Wiki tatu hakunipigia. Nilinyonyesha huku nalia, na maziwa yakapungua. Shangazi hajawahi kuomba radhi mpaka leo ninapoandika, na mimi sijawahi kumwambia kuwa nasubiri.

Aliyetuokoa ni bibi, mama yake baba. Bibi hasomi, na kwenye kundi hayumo. Siku mdogo wangu alipopanda kijijini alimpa simu, nikamtamkia kwa mdomo wangu jinsi watu wa Oldenburg wanavyotamka: mwanzo ni "ai", na ile "e" ya mwisho inamezwa, iko njiani kati ya "e" na "a". Aike. Bibi akakaa kimya kidogo, kisha akapaza sauti kwa furaha: "Aika! Mmemwita Aika!" Msiojua Kichaga, aika ni asante. Ndilo neno la kwanza ninalokumbuka kufundishwa, ukipewa chochote unasema aika mbe, aika mae. Wapo watu wengi kwetu wanaoitwa Aika, na Aikaeli aliyokuwa akiitaka baba imeanza na neno hilohilo, asante kwa Mungu. Bibi alimwita baba sebuleni, nikamsikia anamwambia kwa Kimashami, Kichaga cha kwetu Machame, kuwa mtoto wa Ulaya ameitwa Shukrani na wewe umenuna. Jioni hiyohiyo baba alinipigia.

Mimi niliyesoma asili ya jina mpaka karne ya tisa sikuwa nimelisikia hilo! Nililibeba jina miezi mitatu nzima katika maandishi, kwenye fomu, kwenye bahasha, kwenye simu, na sikuwahi kulisema kwa sauti nikiwa na sikio la kwetu. Bibi alihitaji sekunde tano.

Ndiyo maana nawaambia wazazi wenzangu, tamkeni jina. Litamke jikoni, litamke ukiita mtoto wa kufikirika kutoka nje, litamke kwa Kijerumani na kwa lugha ya mama yako. Tusiwe watu wa kuchagua jina kwenye orodha za mtandaoni usiku wa manane kama tunaagiza viatu. Ulizeni lilikotoka. Someni nani alilibeba na alifanya nini nalo. Na msiwafanyie wazee wenu nilichowafanyia wangu, kuwapa jina la mjukuu kama tangazo, limeshafungwa, hakuna wa kuuliza. Mzee hakatai jina, anakataa kuwa wa mwisho kujua. Na nyinyi mlio upande wa kupokea, akina shangazi na wajomba, shikeni vidole vyenu kabla ya kuandika kuhusu mtoto wa siku mbili. Mama yake anasoma.

Kuhusu jinsi, usibebe mzigo huo kwa niaba ya Kiswahili. Lugha yetu inasema "anacheza", "amelala", "yeye", na haijawahi kuuliza ni wa kiume au wa kike kwanza. Mjerumani lazima achague "er", yeye wa kiume, au "sie", yeye wa kike, kila anapofungua mdomo, ndiyo maana jina kama hili linamhangaisha zaidi yeye kuliko mama yako kule nyumbani. Mama yako hasumbuliwi na jinsi. Anasumbuliwa na herufi nne alizoziona kwenye kioo cha simu, ambazo hakuna mtu aliyemtamkia.

Dada wa Bremen, usimwandikie tena. Kwako sasa hivi na kwao ni saa zilezile, zikizidi ni moja au mbili, bado hajalala. Mpigie. Mwambie kwa mdomo, polepole: "Mama, anaitwa Aike." Halafu nyamaza, umwache alirudie mwenyewe.